Buti za Walinzi na Mguu wa Mwalimu

Watu wakiniuliza kaka yangu anafanya kazi gani, nawaambia anashona buti za walinzi. Wanasema hongera, maana wamezisikia habari zake: jengo jipya, wafanyakazi thelathini, gari lenye maandishi ubavuni. Mimi nawaangalia tu. Sina nguvu ya kumweleza kila mtu kwamba zamani alikuwa anafanya kazi.

Leo nitaieleza, na mtanivumilia, kwa sababu jambo hili likinipanda kichwani huwa nalisema kwa hasira.

Kaka ni mtu wa mikono. Shule ilimshinda mapema, yeye mwenyewe husema ilimshinda saa mbili asubuhi ya siku ya kwanza. Alijifunza viatu katika kiwanda kimoja, akamwaga unga kwa kubishana na msimamizi, akaishia barazani kwa muuza magodoro akishona viatu vya watu vilivyofumuka. Hapo ndipo Mwalimu alipomkuta. Alikuwa msichana bado, ndiyo kwanza ameajiriwa kufundisha hesabu. Mguu wake wa kushoto ulipindwa na maradhi tangu utotoni. Anakanyagia ubavu wa unyayo, karibu na kifundo, na mguu wenyewe ni mfupi kuliko mwenzake kwa upana wa vidole vinne. Alikuwa amevaa kiatu cha kiume alichokijaza matambara, akaomba aongezewe kisigino.

Kaka akakigeuza kile kiatu, akakinusa hata, ndivyo alivyo, akasema, "Dada, hiki hata nikikiongeza mpaka kifike dirishani hakitakufaa. Kaa chini nione mguu."

Mwalimu alikasirika. Aliniambia baadaye kwamba hakuna mwanamume aliyewahi kumwambia maneno hayo ila daktari, na daktari alivaa glavu. Lakini alikaa. Kaka alimtengenezea jozi nne zikashindikana, ya tano ikakubali. Ilichukua miezi minane. Siku alipoivaa alisimama mbele ya ubao vipindi sita, akapita barazani akitoka kazini akasema, "Fundi, leo nimesahau kama nina mguu." Basi kaka alitembea na sentensi hiyo wiki nzima, kila anayeleta ndala kushonwa anahadithiwa, mpaka muuza magodoro akamwambia yatosha bwana, tumesikia.

Baada ya Mwalimu wakaja wengine. Ukimpata fundi anayeujua mguu wako hukai na siri. Alikuja dereva aliyepoteza vidole, alikuja bibi mwenye uvimbe mkubwa kwenye kidole gumba, waliletwa watoto wenye nyayo zilizogeukia ndani. Kaka akapanga chumba kirefu nyuma ya ghala la saruji, akaweka meza mbili na cherehani ya ngozi, akamchukua Mzee Randa. Mimi nikaingia mwaka uliofuata, ndoa yangu ilipokwisha na mdomo wangu ukalaumiwa. Nilishona ngozi za juu na kuandika daftari la wateja.

Mzee Randa alikuwa mchongaji. Jina hilo alipewa na mafundi wenzake kwa sababu ya randa yake, ambayo hakumruhusu mtu kuigusa. Alikuwa mzee mwenye kinyongo, mbishi, mtu wa kununa siku tatu kwa sababu umesogeza kigoda chake. Msimwonee huruma haraka, nitawaambia alichofanya. Lakini mikono yake, mama yangu! Kaka alikuwa anampima mteja kwa utepe, kwa karatasi na kwa udongo, na Randa alikuwa anauchonga mguu wa mtu huyo kwenye mbao ngumu, wa kulia na wa kushoto, na vinundu vyake vyote. Juu ya mbao hizo ndiko ngozi inakovutwa ikawa kiatu. Kila mteja alikuwa na miguu yake ukutani, jina limeandikwa kisiginoni. Ukiingia chumbani kwetu ulikuwa unaangaliwa na nyayo karibu mia nne. Wageni walishtuka, na sisi tulicheka.

Kazi ilikuwa ya polepole, tena ya kuudhi. Kiatu unakimaliza, mteja anakivaa, anatembea mpaka mlangoni na kurudi, anasema, "Hapa kinanigusa kidogo." Hapo ndipo penye kazi. Kaka anapapasa, anamnong'oneza Randa, Randa anaushusha ule mguu wa mbao, anapiga tupa hapa, anagongomelea kipande cha ngozi pale, na kiatu kinavutwa upya. Mwaka unaofuata mguu wa mtu umebadilika, umevimba au umekonda, kipande kingine kinaongezwa. Mimi niliviona vile vipande kutoka kwenye cherehani yangu. Nilidhani Randa anaziba nyufa. Miaka yote hiyo sikuuliza, na mimi ndiye niliyeshika daftari.

Tuliishi hivyo miaka kumi na saba. Hatukutajirika, hatukulala njaa. Kama kaka angekuwa na kiburi cha kawaida tungezeeka hivyo hivyo. Lakini kaka ana donda moja: hapendi kuonekana mdogo. Yule msimamizi wa kiwandani alimwambia atakufa akishona ndala, na neno hilo halikumtoka. Wifi yangu naye hakumsaidia. Kila akiona fundi mwingine ameweka bango jipya anasema, "Wenzako hao." Maneno mawili tu, na chakula cha kaka kinaishia hapo.

Basi akaja Meneja. Alikuwa meneja wa ununuzi wa kampuni ya ulinzi, ile inayoweka walinzi kwenye mabenki na maghala. Alimleta mamake mwenye miguu ya kuvimba. Viatu vilipompendeza mama, mwana akazungusha macho chumbani, akaiona cherehani, akaona ngozi, akasema, "Fundi, kwa ustadi huu unafanya nini humu ndani? Sisi tunatafuta mtu wa kutushonea buti. Jozi elfu sita. Aliyepewa mwaka jana alituletea buti kama za karatasi ya boksi. Soli zilibaki barabarani."

Elfu sita! Sisi kwa mwezi tulikuwa tunatoa jozi kumi na mbili, tukijikaza kumi na nne.

Alitupa siku tisa za kufikiri. Nazikumbuka siku hizo kuliko siku ya harusi yangu. Kaka alikuja kazini mapema, akakaa na kalamu na karatasi, anachora mashine tutakazonunua na meza zitakapokaa. Hakuwa anafikiri, alikuwa ameshakubali na anatafuta wa kukubali naye. Siku ya tatu akamwambia Randa.

Randa hakuinua kichwa. "Buti za walinzi," akasema. "Miguu mizima."

"Miguu mizima nayo inavaa viatu, Mzee."

"Inavaa, na kuna viwanda vya kuivalisha. Hao wanaokuja hapa, wewe ukishona buti, waende wapi?"

"Nani kasema tutawaacha? Tutafanya yote mawili."

"Thubutu," akasema Randa, akaendelea kupiga tupa.

Wakabishana siku hiyo, na iliyofuata, na iliyofuata tena. Mimi nikawa katikati kwa sababu meza yangu iko katikati. Ukweli ni kwamba Randa alikuwa na hoja, lakini alikuwa na hoja kwa namna ya kumchoma mtu. Alisema kaka ameona tai ya Meneja akachanganyikiwa, na kwamba anataka kulipiza kisasi kwa msimamizi ambaye huenda ameshakufa. Siku ya sita akasema mbele ya mteja, "Mtu asiyejijua ni nani hutaka kuwa kila mtu." Kaka akasimama. Sijawahi kumwona na uso ule.

"Mzee, hapa mwenye karakana ni nani?"

Randa akapuliza vumbi kwenye tupa.

"Nimekuuliza. Ni nani?"

"Ni wewe."

"Basi kuanzia leo usitie neno katika jambo hili. Wewe chonga. Ukiambiwa chonga hivi, unachonga hivi. Umenielewa?"

"Nimekuelewa, bosi," akasema Randa, na hakuwahi kumwita kaka bosi hata kwa mzaha.

Mchana wake kaka akaja kukaa karibu na kigoda changu, tunakula. Akasema, "Dada, wewe ukisema hapana, nampigia simu sasa hivi namwambia hapana. Nakuapia." Na alimaanisha. Kaka hadanganyi, hudanganyika tu.

Nimekaa miaka nikitafuta namna ya kulieleza jibu langu lisinifedheheshe, sijaipata. Nilisema tuchukue. Sikusema kwa ajili ya jengo wala gari. Nilikuwa nimechoka. Siku ile macho yalinivimba, nilikuwa nimefumua mshono mmoja mara tatu kwa ajili ya mtoto aliyelia kila akiguswa kidole. Nilitaka kazi ambayo ukiimaliza imekwisha, buti inaingia boksini na hakuna anayerudi kusema hapa kinanigusa. Nikamwambia, "Chukua, kaka. Na sisi tupumue." Akaniinua na kigoda changu. Mtu mzima ananizungusha chumbani na sahani mkononi, nami nacheka. Randa alikuwa pembeni anafagia mabaki ya mbao, hakutugeukia.

Mkataba ukasainiwa. Tukachukua godauni lililokuwa tupu upande wa pili, zikaletwa mashine, tukaajiri vijana ishirini na wawili. Na hapo, wiki ya pili tu, tukagundua jambo ambalo mtu mwenye akili angelitazama kabla ya kusaini. Buti nazo zinavutwa juu ya miguu ya mbao au ya plastiki. Kwa kasi tuliyoahidi tulihitaji miguu ya saizi za kawaida, jozi mia moja na hamsini. Kaka alikuwa ameagiza ya plastiki kutoka ng'ambo, ikaandikwa barua kwamba itachelewa miezi mitatu. Mzigo wa kwanza ulikuwa unadaiwa baada ya wiki sita. Mbao ngumu za kuchonga mipya hazikupatikana kavu. Mbao za kazi ile hukaushwa miaka miwili kivulini, ukizichonga mbichi zinajipinda na kiatu kinajipinda nazo.

Kaka alikonda. Alikwenda kwa kila seremala, akarudi mikono mitupu. Jumatatu moja asubuhi tumesimama watatu katika kile chumba kirefu, yeye anautazama ukuta. Nilijua anachowaza. Mbao kavu kuliko zote katika mji huu zilikuwa zimetundikwa pale mbele yetu, jozi mia moja na tisini na kitu.

Akasema taratibu, "Mguu mkubwa unaweza kuchongwa ukawa wa saizi ya kawaida. Ukitoa vile vinundu."

"Na wenyewe?" nikauliza.

"Ndiyo nakuuliza wewe."

Nami, mjuzi wa kila kitu, nikafungua mdomo. "Si vipimo vyote viko daftarini? Kila mtu nimemwandika, urefu, upana, mzunguko, na mchoro wa unyayo juu. Plastiki ikifika, Mzee anawachongea mipya kutoka daftarini. Mbao zitakuwa zimeshapatikana."

Kaka akamgeukia Randa. Akamwangalia kabisa, nalikumbuka hilo, alitaka kusikia. "Mzee, inawezekana?"

Randa alikuwa anaifuta randa yake na kitambaa. Akasema, "Niliambiwa nichonge. Leteni saizi."

Alifanya kazi ile siku kumi na nane. Aling'oa vile vipande vya ngozi kimoja kimoja, vilijaa ndoo tatu, akapitisha randa juu ya vinundu mpaka miguu yote ikafanana. Alifuta na majina. Mguu wa Mwalimu aliufikia siku ya nne. Nilimwona ameushika muda mrefu kuliko mingine, nikadhani amechoka. Ikabaki ya watoto tu, kwa sababu ilikuwa midogo mno kufaa.

Buti zilitoka, tena zilitoka vizuri. Msitarajie niwaambie kwamba tulishindwa, hatukushindwa. Soli zilikaa, mishono ilikaa, mzigo wa kwanza ulifika kabla ya siku yake, na Meneja alimwita kaka mbele ya wakubwa wake wakamshika mkono. Wifi akanunua makochi. Wateja wetu wa zamani tuliwaambia wasubiri kidogo, mambo yakitulia. Wakasubiri. Watu waliozoea kusubiri hawana kelele.

Mwalimu alikuja mwezi wa tano. Alikuwa anakuja kila baada ya mwaka mmoja na nusu, kiatu chake kikichoka. Akatazama ukuta uliobaki na miguu ya watoto tu, akatania, "Fundi, mmezika?" Kaka akacheka, akamwambia siku kumi tu. Mbao zilikuwa zimeshapatikana. Randa akapewa daftari, akachonga. Nikashona ngozi mimi mwenyewe, ngozi laini kuliko zote tulizokuwa nazo. Mwalimu akavaa, akatembea mpaka mlangoni, akasimama hapo kidogo kabla ya kugeuka.

"Kinanigusa, fundi. Chini ya kifundo."

Tukarekebisha. Akavaa, kikamgusa mahali pengine. Tukarekebisha tena. Alikuwa mtu wa adabu sana, akaona tumezidiwa na kazi, vijana wanaingia na kutoka wakimwita kaka bosi. Akasema, "Basi kitazoea." Akaondoka nacho. Kiatu cha zamani kilikuwa kimeshapasuka, hakuwa na kingine. Alifundisha nacho wiki tatu. Mguu ule ngozi yake ni nyembamba, na sehemu kubwa haisikii maumivu, ndiyo maana alijua alipoona soksi ina damu.

Kaka alipopata habari alikuja kwangu mbio, akanipokonya daftari. "Ulimwandika vipi huyu? Umekosea wapi?"

"Sijakosea! Tazama tarehe. Nilinakili karatasi yako mwenyewe."

Akatazama. Ilikuwa tarehe ya miaka kumi na tisa iliyopita, maneno ya ile karatasi ya kwanza ya barazani niliyoyanakili nilipoingia kazini. Chini yake hapakuwa na kitu. Tukafungua ukurasa wa dereva, wa bibi, wa mamake Meneja. Kipimo kimoja kimoja, cha siku ya kwanza, kile ambacho kwa kila mtu kilishindikana.

Kaka akakaa chini sakafuni. Tukamwita Randa.

"Mzee," kaka akasema, "yale marekebisho. Miaka yote hii. Nilidhani yako daftarini. Uliyaandika wapi?"

"Nitaandika mimi? Sijui kuandika zaidi ya jina." Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa. "Yalikuwa kwenye mbao. Vile vipande ndivyo vilivyokuwa marekebisho. Mguu wa Mwalimu ulikuwa na vipande kumi na kimoja."

"Na ulijua? Siku ile ukutani ulijua?"

"Nilijua."

"Nikakuuliza, Mzee! Nilikuuliza kwa mdomo wangu!"

"Uliniambia nisitie neno."

Nilitaka kumrarua. Nilimwambia maneno ambayo siwezi kuyarudia hapa, nikamwita muuaji, mzee mwenye roho nyeusi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Halafu akasema, "Wewe uliyeshika daftari miaka kumi na sita, ulidhani nagongomelea urembo?" Alikusanya patasi zake na randa yake, akavua aproni akaikunja vizuri juu ya kigoda, akaondoka. Nasikia siku hizi anakaa kwa mwanawe na mikono inamtetemeka. Sijakwenda kumwona. Wakati mwingine namchukia, wakati mwingine nakumbuka kwamba siku kumi na nane alikuwa akisubiri mmoja wetu aseme, Mzee, acha kidogo, na sisi tulikuwa tunapita na chai.

Kidonda hakikupona. Daktari alimkataza Mwalimu kusimama, na shule haikuwa na kazi ya mwalimu wa kukaa. Wakampeleka stoo ya vitabu. Kaka alikwenda kumwona, nami nikamfuata maana sikutaka aende peke yake. Alibeba utepe, karatasi, udongo kwenye kopo, na kipande cha mbao kavu alichokichagua mwenyewe. Tulimkuta nyuma ya meza ndogo kati ya marundo ya vitabu, anagonga mihuri. Mguu umefungwa bandeji, umewekwa juu ya boksi la chaki. Kupitia dirishani ilisikika sauti ya kijana aliyepewa darasa lake, anafundisha sehemu, anakosea, na Mwalimu anasikia.

Kaka akapiga magoti palepale. Akasema, "Mwalimu, nianze upya. Nimekuja mimi mwenyewe. Daftari nimelichana. Nitapima mguu, nitarudia mara tano, mara kumi, mpaka kikubali. Buti naacha. Ukisema neno moja tu naziacha leo."

Mwalimu aliweka muhuri chini. Alimtazama, na hakuwa na hasira, ningefurahi angekuwa na hasira.

"Inuka, fundi," akasema. "Nilikuwa na miaka ishirini na nne ulipoanza kujaribu. Mguu ulistahimili. Daktari anasema kidonda kingine na ataukata. Sina tena mguu wa kujaribia."

"Mwalimu..."

"Sikiliza. Kabla yako niliingia maduka yote ya mji huu, na kila duka waliniambia hawana saizi yangu. Wewe peke yako ndiye hukusema hivyo. Leo, ukiomba kuanza upya, nimekusikia nawe unasema hivyo."

Akachukua kitabu kingine, akagonga muhuri. Kaka alibaki amepiga magoti na kopo lake la udongo mpaka nikamshika kwapa nikamwinua.

Njiani nilijaribu kumwambia kwamba bado wapo wengine, kwamba watoto miguu yao imebaki, kwamba tunaweza kuwaita mmoja mmoja tukawapima upya. Alitikisa kichwa. "Nani atachonga?" akauliza. Yeye anajua kuuona mguu, mimi najua kushona, wa kuuleta kwenye mbao hatukuwa naye tena, wala hapakuwa na kijana tuliyemfundisha, kwa sababu Randa hakuruhusu mtu kushika randa yake na sisi hatukumlazimisha.

Tulipofika godauni tulimkuta Meneja anatusubiri ofisini, mwenye bashasha, na karatasi mbele yake. Kampuni imeridhika. Wanataka jozi elfu tisa mwaka unaokuja, na kampuni mbili nyingine zimeuliza jina letu. Alieleza kila kitu, kaka akiwa ameliweka lile kopo la udongo juu ya meza na mikono yake imelizunguka. Mwisho Meneja akauliza swali ambalo watu wa zabuni huuliza wote, kama tuna kazi nyingine yoyote inayoweza kuchelewesha mzigo wake.

Kaka akasema, "Hapana. Hatuna nyingine."

Akavuta zile karatasi, akaomba kalamu, akasaini ukurasa mmoja baada ya mwingine.